Cha Kamusi, Cha Mtaa

Wasikilizaji wetu mlioko majumbani, mlioko madukani, na nyinyi mlioko dikoni Wesha, ambao najua redio imetundikwa kwenye nguzo ya banda na huku mikono inapara samaki: waambaje?

Mazungumzo yetu ya leo ni ya silabi moja. Moja tu, nayo ni "cha".

Kuna mtu ameshaguna. Lakini hebu tazama tulivyozungukwa nayo. Mji wetu wa Chake Chake, hapa Pemba, umeitamka mara mbili kwa mpigo, kama kwamba mara moja haikutosha. Ndani ya wilaya una Chachani, una Chanjaani, una Chanjamjawiri. Ukishuka kusini, upande wa Mkoani, unakutana na Chambani. Mtu wa Wesha anayepanda gari kwenda mjini na mtungo wake wa samaki, hajafika sokoni ameshaitaja "cha" kwa kondakta, kwa jirani aliyemuuliza anakwenda wapi, na kwa mteja wa mwanzo aliyetaka kujua samaki gani huyo.

Sasa fungua kamusi. Kiswahili chetu hakina herufi C inayosimama peke yake, ina H ubavuni siku zote. Na katika hiyo CH, wa mwanzo kupanga foleni ni hawa wenye "cha". Chai, chaki, chali, chambo, changu, chapa, chawa, chaza. Wamekaa bega kwa bega kurasa kadhaa, na wengi wao hawana hata undugu wa mbali.

Wengine "cha" yao ni ngeli tu. Chakula ni kitu cha kula, chake ni kitu chake, na ndani yake mna "ki" iliyogongana na "a". Baadhi ya wazee wetu wa Pemba hawakuikubali hiyo ajali. Wao wanasema kyakula, wanasema kyumba, na ukiwasikiliza unaisikia ile "ki" ya asili bado iko hai. Wengine "cha" ni yao ya kuzaliwa, kama chawa. Na wengine ni wageni waliokuja na pepo za kusi na kaskazi. Chai asili yake Uchina. Chapa na chapati zimetoka Bara Hindi. Wageni hawa hawakupitia kwa Waarabu, au kama walipitia, hawakulala. Kiarabu fasaha hakina sauti "ch". Ndugu zetu walioko Maskati wakizungumza Kiarabu wanakunywa "shai", wakirudi kwenye Kiswahili wanakunywa chai, birika ni lile lile.

Haya yote kamusi inayajua, na ina haki ya kujivunia. Kamusi ya mmisionari Krapf ilichapishwa London mwaka 1882, mwenyewe alikuwa amekwisha kufariki mwaka mmoja nyuma, na alikuwa ameegemea zaidi Kiswahili cha Mombasa. Ile ya mwaka 1939, iliyokamilishwa kutokana na kazi ya Frederick Johnson na Kamati ya Lugha, ikaegemea Kiunguja. TUKI, Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, wakatupa Kamusi ya Kiswahili Sanifu mwaka 1981. Na hapa Zanzibar, BAKIZA, Baraza la Kiswahili la Zanzibar, wakatoa Kamusi la Kiswahili Fasaha mwaka 2010. Nasema "kamusi la", sikuteleza ulimi; ndivyo wenyewe walivyoandika kwenye jalada, na walijua wanachokifanya. Baadaye wakaongeza la lahaja ya Kipemba, na mimi kwa hilo nawaombea dua.

Lakini kuna jambo moja kamusi hazituelezi, na ndilo lililonikalisha mbele ya kinasa sauti leo. Kamusi inakwambia neno lina maana gani. Haikwambii nani yupo hapo unapolisema.

Tuanze na chai, maana ni asubuhi.

Kwa Mpemba, ukiambiwa "karibu chai", hukuitwa kunywa maji ya majani. Umeitwa kwenye mkate wa kumimina, kwenye maandazi, kwenye muhogo wa nazi na samaki wa jana. Na usiku nako tuna chai, chai ya usiku, ambayo mtu wa Dar es Salaam akialikwa huja amekwisha kula kwao, kisha anashangaa anapoona sinia. Sasa mtu huyo huyo wa nyumbani akienda kwenye ofisi fulani kufuatilia karatasi yake, akaambiwa na aliyekaa nyuma ya meza, "Mzee, mbona hata chai hakuna?", hapo chai si chai tena, ni rushwa. Na akitoka amekasirika, akawasimulia vijana wa maskani yaliyomkuta, kijana mmoja anaweza kumkatisha: "Ah, chai hiyo!" Yaani uongo huo, umetutungia. Kwa saa moja mtu mmoja amepita kwenye kifungua kinywa, kwenye rushwa na kwenye uongo, na neno lenyewe halikutoka nje ya silabi mbili.

Na hakuna aliyekosea. Mwenye nyumba, mwenye ofisi na kijana wa maskani kila mmoja alikuwa na watu wake wa kumwelewa. Aliyepata taabu ni aliyetembea baina yao.

Neno jingine nalitaja kwa heshima, wazee mniwie radhi. Kuchamba. Mtoto wetu wa chuoni, hata hajafika Yasini, analijua neno hili bila haya. Mwalimu anamfundisha tahara, na huwezi kufundisha tahara kwa kuzungukazunguka. Kuchamba ni kujisafisha baada ya haja, ni fikihi, ni somo. Ipo na methali yake juu ya anayechamba kupita kiasi. Mnaijua, sitaimalizia hewani. Sasa nenda mjini, uwasikie wanawake wawili waliogombana, mmoja anasema: "Jana nimemchamba, akabaki mdomo wazi!" Amemchamba kwa maneno. Amempa ukweli wake, wa mbele na wa nyuma, kwa sauti inayofika nyumba ya tatu. Taarabu za mipasho zimeishi kwa kuchamba huku.

Angalia kilichotokea. Maana ya kamusi ndiyo nzito kuitaja mbele ya mgeni, na ile ya mtaani ndiyo nyepesi. Tumezoea kudhani mtaa ndio unaochafua maneno, na kamusi ndiyo inayoyaweka safi. Hapa ni kinyume. Isipokuwa chuoni, ambako neno la kamusi ni safi kabisa, kwa sababu waliopo wanajua kwa nini linatajwa. Na ukifungua mashairi ya kale utaikuta "chamba" nyingine kabisa, isiyo ya maji wala ya matusi, yenye maana ya "kwamba" au "ikiwa". Mwanafunzi wa skuli anayesoma shairi la zamani kwa masikio ya leo ana kazi.

Na kutoka hapo ni hatua moja kufika kwenye kuchambua. Hili ni letu. Karafuu nyingi za Zanzibar zinatoka kisiwani humu, na kila aliyekulia kwenye msimu anajua kwamba kuchuma ni mchana na kuchambua ni usiku: jamvi limetandikwa, taa katikati, kina mama na watoto wamekaa, karafuu huku, makonyo kule, na hadithi hazikatiki. Vidole vinanukia karafuu mpaka kesho yake. Leo mchambuzi ni bwana aliyevaa suti kwenye televisheni anayetueleza kwa nini Simba amefungwa. Siwalaumu wachambuzi wa mpira. Ila wangekumbuka kwamba kuchambua kazi yake ni kutenga konyo na karafuu; wengine wao hutuletea jamvi zima kama lilivyo.

Sasa tuje kwa chawa. Hapa nataka tukae kidogo.

Chawa mnamjua. Ni mdudu mdogo anayeishi mwilini mwa mtu, kwenye nywele au kwenye nguo, akila damu yake. Ilikuwa aibu kuwa naye. Mama aliyemkuta mwanawe na chawa hakutangaza. Alimkalisha baina ya magoti, akafunga mlango, akachukua chanuo. Hata kulitaja neno mbele ya wageni kulikuwa na uzito.

Miaka ya karibuni, huko bara, chawa amepata kazi. Alianza kwa wasanii: kila msanii mkubwa akawa na watu wa kumzunguka, wa kumsifu, wa kumgombania na mahasimu wake mitandaoni, na wa kula naye. Wenye hasira wakawaita chawa, kwa sababu wanaishi kwenye mwili wa mwenzao na wanakula damu yake. Lilikuwa tusi, tena tusi lililotungwa vizuri sana. Kisha likatokea ambalo sikulitarajia: walioitwa chawa walilichukua jina. Wakasema, ndiyo, mimi ni chawa wa fulani, na wewe mwenzangu una mwili gani wa kukaa? Likapata na hali yake, uchawa. Likaingia kwenye siasa, likavaa fulana, na leo yuko mtu mzima, mwenye watoto, anayejitambulisha mbele ya kadamnasi kwamba yeye ni chawa, na watu wanapiga makofi.

Nimesikia watu wakilaumu lugha kwa jambo hili: ati Kiswahili kimeharibika. Mimi naona Kiswahili hakina kosa hata moja hapo. Neno limefanya kazi yake barabara. Limesema wazi mtu anakaa wapi na anakula nini. Kama tumeacha kuona haya, hayo ni yetu sisi, tusiisingizie silabi.

Na kuna utamu mwingine. Nimesema chawa huondolewa kwa chanuo. Kuchana. Huko huko mtaani kuchana nako kumepata maana mpya. Wanamuziki wa kufokafoka wanaita kazi yao kuchana, wanachana mistari. Na ukisikia "nimemchana", maana yake nimemwambia ukweli usoni bila kumpaka mafuta. Kwa hivyo nyumbani kwetu chawa adui yake ni anayechana, na mtaani chawa adui yake ni anayechana. Hakuna kamati iliyokaa kupanga hilo. Mtaa haukupewa shahada, lakini una masikio.

Wataalamu wameshauona uhodari huu. Mwaka 2006, Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walichapisha katika jarida la Swahili Forum uchunguzi wao juu ya lugha ya mitaani ya Tanzania, pamoja na kamusi yake yenye maneno na misemo zaidi ya elfu moja. Maneno hayo huzeeka upesi kuliko kamusi inavyoweza kuyakimbiza. Mengine hudumu: chapaa kwa maana ya fedha bado iko mdomoni, huku na Kenya. Kupiga chabo, kuchungulia kwa siri, kila msimamizi wa mitihani analijua. Kuchapa lapa, kwenda zako kwa miguu, linasikika. Kuna na "cha Arusha", ambacho si kahawa, na wazazi wenye vijana wakubwa wanielewe.

Lakini twende dikoni, maana watu wa Wesha wananingojea.

Mvuvi anayetoka Wesha kuelekea maji ya Misali anarudi, Mungu akijaalia, na changu. Changu wako namna nyingi, na mmoja wao ana doa jeusi ubavuni, la kuonekana kwa mbali, hata mtoto hamkosei. Anaitwa changudoa. Jina zuri, lililo wazi: changu mwenye doa. Anakaangwa, anachomwa, anaingia kwenye mchuzi wa nazi kwa raha zake.

Sasa mtaa wa Dar es Salaam ukamchukua samaki huyu ukamfanya jina la mwanamke anayeuza mwili. Ukakata na kufupisha, ikawa "changu", na wingi wake "machangu". Jina likaenea nchi nzima, likaingia magazetini, likaingia kwenye ripoti za polisi. Leo ukimwuliza kijana wa skuli changudoa ni nini, wengi hawatakutajia bahari.

Fikiria mimi ndiye mchuuzi wa Wesha. Amekuja mgeni kutoka bara na mkewe, wanangojea boti ya kwenda kutembea Misali. Mke anaona samaki, anapenda, anauliza: "Huyu anaitwaje?" Nimwambieje? Nikisema jina lake, mume atanitazama vibaya. Nikisema "changu" tu, bado si salama. Nikisema "samaki mzuri huyo, mama, chukua", nimeuza, lakini nimemficha samaki jina lake juu ya meza yangu mwenyewe, kwenye diko ambalo babu yangu alilisema neno hilo kwa sauti kubwa na hakuna aliyegeuka.

Hapo ndipo moyo wangu unapouma kidogo. Siumwi kwa sababu mtaa umeongeza maana. Maneno yamekuwa yakiongezwa maana tangu watu wajue kusema. Naumwa pale maana ya kwanza inapokosa pa kukaa. Chai ya rushwa haikuifukuza chai ya asubuhi. Zote mbili zinaishi, na watu wanajua ya nani ni ipi. Changudoa wa mtaani anamfukuza wa baharini. Na kamusi haimsaidii sana samaki, kwa sababu kamusi zetu zikifika baharini mara nyingi huchoka: "aina ya samaki", basi, funga ukurasa. Mvuvi angekupa rangi yake, mdomo wake, anakaa kwenye mwani au kwenye mwamba, anakamatwa kwa dema au kwa mshipi, na kwa chambo gani.

Na jambo moja la pembeni. Neno hili limemshika mwanamke peke yake. Yule anayeshusha kioo cha gari usiku na kutoa fedha hakupewa samaki. Baharini mna samaki wa kutosha. Mtaa, pamoja na uhodari wake wote, haukumtafutia.

Msinielewe kwamba maneno ya kuficha yanatoka kwa vijana na kwa wenye dhambi tu. Maofisini nako kuna mtaa. Chukua "changamoto". Ni neno zuri, lina mchemko ndani yake, la kumtia mtu hamu ya kushindana na jambo gumu. Leo barabara yenye mashimo ina changamoto. Kisima kilichokauka kina changamoto. Kituo cha afya kisicho na dawa kina changamoto ya dawa. Kiongozi anaweza kusoma hotuba ya saa nzima, akataja changamoto tele, na ukatoka hujasikia tatizo hata moja. Kijana wa maskani akisema biashara yake "imekwenda chali", walau umemwona mtu kaanguka na tumbo liko juu.

Na hili "chali" lenyewe ndilo nitakalomalizia, kwa sababu linasafiri. Kwetu na kwenye kamusi, chali ni kulala mgongo chini, uso juu. Nairobi, kwa vijana wa Sheng, chali ni mvulana, na msichana akisema "chali yangu" anamtaja mpenzi wake. Arusha limevutwa kidogo, chalii, nalo ni kijana, mwenzetu, mtu wetu wa mtaani. Kuitwa chalii kule ni kukubaliwa.

Basi fanya kijana wa Wesha amekwenda kusoma Arusha. Miezi ya mwanzo kabanwa na baridi na upweke, kisha kapata marafiki, kawa mmoja wao. Anapiga simu nyumbani, anapokea mdogo wake, naye kwa furaha anamwambia, mwambie bibi asiwe na wasiwasi, mimi huku sasa ni chalii. Mdogo mtu anageuka, anaufikisha ujumbe kama alivyousikia: "Bibi, kaka anasema huko Arusha yuko chali."

Na bibi, mtandio tayari kichwani, anauliza: "Wamemlaza hospitali gani?"